Kutoka Banten hadi Geita

Uasi wa wakulima wa Banten, magharibi mwa kisiwa cha Java, Indonesia ya leo, unanigusa sana. Nyati wao wa kulimia waliteketea kwa maradhi, wengine wakachinjwa kwa amri ya serikali ya Waholanzi. Mwaka 1883 volkano ya Krakatau ikalipuka, mawimbi yakazoa vijiji vya pwani. Kodi haikusamehe. Julai 1888, wakiongozwa na Haji Wasid, wakauvamia mji wa Cilegon, askari wakawazima.

Marehemu babu, mkulima wa pamba, angewaelewa. Waingereza walimlazimisha kuchimba matuta na kupunguza ng'ombe, yaani mahari ya wanawe! Mwaka 1958 wakulima wa Geita waliandamana hadi hapa Mwanza kulipinga baraza la mseto, yaani baraza la wilaya la kuchanganya Waafrika, Wazungu na Waasia. Naye alikuwemo, na najivunia.