Mchimbaji hana patroni? Tuangalie mizani ni ya nani

Kuna maneno nayasikia kila siku hapa Lubumbashi, mji wa migodi wa Kongo, ndani ya teksi, kwenye nganda (baa), hata kwa vijana wenye kusoma uchumi: "Bale ba ku mine habana na patroni, banajitumikia bo benyewe" (wa mgodini hawana bosi, wanajifanyia kazi wenyewe). Yaani mchimbaji wa mikono ni mfanyabiashara mdogo, anaamka saa anataka, anauza anapotaka, ukimwita mfanyakazi unamkosea. Mimi nakataa kabisa, maana hayo maneno njo yanafanya tusione nani anakula jasho la nani.

Wengi wetu tukisikia tabaka tunafikiria mfuko tu, huyu ana gari, yule anatembea kwa miguu. Karl Marx, mwanafikra Mjerumani wa karne ya 19, hakuanzia mfukoni. Aliuliza ardhi, mashine na karakana ziko mikononi mwa nani, halafu nani hana kitu cha kuuza isipokuwa nguvu zake mwenyewe. Kwa hiyo mwalimu na mama mwenye kuuza makala (makaa) pale mtaa wa Katuba wanaweza kumaliza mwezi na franka sawasawa na bado hawako mahali pamoja, mmoja anaishi kwa mshahara na mwingine kwa kamtaji kake kadogo, na matatizo yao hayatoki upande mmoja.

Sasa twende kwa mchimbaji. Ana nyundo yake, ana patasi, ana tochi ya kichwani. Lakini shimo liko ndani ya ardhi ya kompani au ya mutu mwenye karatasi, na mara nyingi kuna mwenye pesa aliyetanguliza unga, kamba na pesa ya kuanzia, na huyo atakata chake kwanza kabla wachimbaji wa shimo hawajagawana. Mchimbaji akifika depo, pale mawe yananunuliwa, na mfuko wa kobalti, mizani ni ya mnunuzi. Kamashine ka kupima kiwango cha kobalti ndani ya mawe, metoreksi, nako ni ka mnunuzi: kijana wa depo anachota mawe kidogo, anayasaga, anaelekeza kamashine, namba inatokea upande wake, mchimbaji anaambiwa tu. Kisha anakatwa kilo za unyevu. Kisha bei yenyewe imeandikwa ubaoni na nani? Na mnunuzi. Atakataa abebe mfuko wake mpaka depo ya pili? Anaweza, ila atalipa pikipiki tena na atakuta mizani ya aina ileile, na nyumbani watoto hawajala.

Ndani ya Das Kapital, kitabu cha Marx kilichotoka 1867, kuna sura nzima juu ya malipo ya kipande, yaani kulipwa kwa kila kitu unachotoa, si kwa saa, na kila nikiisoma naona depo zetu. Marx anasema ukimlipa mutu kwa kipande, hauhitaji kumuwekea msimamizi, maana kazi yenyewe inamsimamia. Atajichosha mwenyewe, atarefusha siku mwenyewe, na ubora wa kitu unakuwa njia rahisi ya kumkata. Tena malipo ya namna hiyo yanafungulia mlango watu wa katikati, kila mmoja anaishi juu ya tofauti kati ya kile tajiri anatoa na kile mtenda kazi anapata. Najua, yeye alikuwa anasema juu ya mafundi wenye kulipwa na tajiri wa kiwanda, na mchimbaji wetu kisheria anauza mawe, hauzi saa zake. Tofauti hiyo ipo na ni kubwa, maana tajiri hapa hana hata deni la kumtibu mutu akiangukiwa na udongo. Patroni yuko, ila ameondoa kila kitu kilichokuwa kinamfunga kwa mfanyakazi.

Na zamani vitu hivyo vya kumfunga patroni vilikuwepo, wazee wetu wanakumbuka. Union Minière, kompani ya migodi ya wakati wa Wabelgiji iliyoanzishwa 1906, ilijenga makambi, ikaleta wake, shule, hospitali na posho ya unga, mpaka watu wakasema kompani njo baba njo mama. Haikuwa huruma, ilitaka wafanyakazi wanaodumu. Desemba 1941, wakati vita imepandisha bei, wazungu wa kompani waligoma, halafu weusi nao wakagoma kivyao, na tarehe 9 askari wakawapiga risasi kwenye uwanja wa mpira hapa hapa mjini. Léonard Mpoyi, karani aliyesema kwa niaba yao, aliuawa. Kama tabaka lingekuwa mshahara tu, mzungu na mweusi wangegoma pamoja. Rangi iliwagawanya ndani ya kompani moja, na Marxisti asiyejibu hapo mimi simsikilizi.

Kuanzia 1967 serikali ilichukua kompani, baadaye ikaitwa Gécamines, na wengine waliamini huo njo usoshalisti (ujamaa). Hapana. Mwenye mali alibadilika, amri iliendelea kutoka juu, sindika (chama cha wafanyakazi) ikabaki moja tu chini ya chama kimoja. Mali ya serikali na mali ya wafanyakazi si kitu kimoja. Halafu kompani ikaporomoka, na 2003 zaidi ya watu 10,000 waliondolewa kwa mpango uliosaidiwa na Benki ya Dunia, wakaita "kuondoka kwa hiari". Watoto wa wale wazee wako wapi leo? Wengi wako mashimoni. Marx aliwaita watu wa namna hiyo jeshi la akiba, na kazi yao kwa tajiri ni kushusha bei ya wote wengine, pamoja na wale wenye kontra (mkataba wa kazi).

Sasa wanasema dawa ni koperative (ushirika wa wachimbaji), sheria ya migodi ya 2018 inadai hivyo. Mimi siipingi, ila nauliza maswali machache kwa kila koperative: prezida alichaguliwa na nani, wachimbaji waliwahi kumuondoa hata mmoja, na mizani na metoreksi ni mali ya nani? Mwaka 1852 Marx aliandika kuwa wakulima wadogo wa Ufaransa walikuwa kama gunia la viazi, kila mmoja na kashamba kake, hali moja lakini hakuna kinachowaunganisha, kwa hiyo mwingine akawa anawasemea. Koperative nyingi ninazozijua ni hilo gunia tu, limeandikwa jina la prezida. Pale ambapo wachimbaji wataweka pesa pamoja wanunue metoreksi yao, wapime mawe yao kabla ya kufika depo, na wakatae kuuza kwa siku moja wote, hapo njo nitaanza kusema tabaka limejijua, na mnunuzi naye atabadilisha bei ubaoni haraka sana.