Siku Niliyolipia Kuonja Busaa

Kofia ya baiskeli niliiazima kwa mtoto wa jirani, na kutoka Kisumu hadi Ndhiwa niliipakata ndani ya matatu kama mtu aliyebeba kuku. Ilikuwa Agosti 2019. Mwenzangu wa kazini ndiye aliyeniingiza katika mambo hayo. Alikuwa amesikia habari za kijana mmoja anayewapeleka wageni kwa baiskeli hadi maboma ya mawe ya Thimlich Ohinga na kuwarudisha jioni. Bei ilikuwa shilingi 2,500, na humo mlikuwa na chakula cha mchana na kitu walichokiita “kuonja vinywaji vya asili”. Tukatuma pesa wote wawili. Usiku wa kuamkia safari, mwenzangu akashikwa na jino. Jino hilo analo hadi leo, halijamsumbua tena.

Asubuhi tulijikuta wageni wanne: mume na mke kutoka Nairobi, wote wahasibu, kijana mmoja Mholanzi mwenye miguu mirefu, na mimi. Wenzangu walipata baiskeli za gia. Mimi nikaangukiwa na Black Mamba, ile nzito yenye breki za vyuma na keria pana, ambayo nilipokuwa mdogo ilibeba magunia ya mahindi, wagonjwa na hata mabibi harusi.

“Hii haiwezi kukuangusha, mkubwa,” kijana wetu akaniambia huku akiipigapiga tandiko.

Hatujamaliza hata nusu saa, tairi la nyuma likanywea. Kijana akaingia boma lililokuwa karibu, akaomba beseni la maji, akazamisha tyubu kipande kwa kipande hadi mapovu yakatoka. Mwiba. Akakwangua kwa msasa, akapaka gundi, akaipuliza kama anayepoza chai, kisha akabandika kiraka alichokikata kwenye tyubu kuukuu. Watoto wa boma lile walikusanyika kutazama, ila si pancha waliyoitazama, ni miguu ya Mholanzi.

Tulikuwa katika nchi ya Kanyamwa, kwao Gor Mahia, yule mganga ambaye klabu ya mpira ilirithi jina lake mwaka 1968. Kijana alitusimulia kwamba mzee huyo angeweza kujigeuza chochote mbele ya macho ya askari wa Wazungu. Mhasibu, shabiki wa timu ya upande wa pili, akasema sasa ameelewa kwa nini penalti nyingine huwa hazieleweki. Njia ilikuwa ya vumbi, miinuko mifupi mifupi ambayo ukiwa ndani ya gari huioni, lakini ukiwa juu ya Black Mamba unahesabu kila mmoja. Sitaki kusimulia zaidi kuhusu mapaja yangu.

Thimlich haijifichi, ila huioni. Unaona kilima chenye vichaka na miti mirefu ya utomvu mweupe, ile Waluo wanaiita bondo, na unadhani ndiyo hiyo tu. Kisha unapinda kidogo, na ukuta umesimama mbele yako. Thimlich maana yake ni msitu mnene wa kutisha, na ohinga ni boma la mawe. Kuna maboma manne makubwa, na kila moja lina jina lake: Kochieng', Kakuku, Koketch na Koluoch. Kuta zina kimo cha mita 1.5 hadi 4.5, na unene wake kwa wastani ni mita moja. Zinakadiriwa kujengwa karne ya 16, na watu wa jamii mbalimbali wakakaa humo kwa kupokezana, wakizikarabati, hadi karne ya 20. Mwaka 2018 UNESCO iliziingiza katika orodha ya urithi wa dunia, kwa hiyo tulifika zikiwa bado na umaarufu mpya.

Kilichonishika mimi ni kwamba hakuna kinachounganisha yale mawe. Si saruji, si udongo. Kijana alituinamisha mahali ambapo sehemu ya ukuta ilikuwa imebomoka kidogo, tukaona tumbo lake: safu ya mawe makubwa upande wa nje, safu nyingine upande wa ndani, na katikati vijiwe vidogo vidogo vilivyoshindiliwa. Vile vya katikati, ambavyo huvioni ukiwa umesimama nje, ndivyo vinavyozifunga zile safu mbili. Mawe hayakuchongwa. Kila moja lilitafutiwa mwenzake wa kulala naye. Niliweka kiganja pale nikasikia baridi, ingawa jua lilikuwa limeshachacha.

Malango ni mafupi kwa makusudi, na juu yake kumelazwa mawe bapa. Adui analazimika kuingia ameinama, shingo ikitangulia, na mwenye boma anamngoja ndani. Maelezo hayo niliyasikiliza vizuri kabisa, nikainama, na bado nikajigonga. Ile kofia ya mtoto wa jirani ililia kama kibuyu kilichoangushwa. Mke wa mhasibu alicheka hadi akakaa chini.

Ndani ya Kochieng' kijana alituonyesha mahali pa zizi, mabonde madogo yalipokuwa misingi ya nyumba, halafu akasimama kwenye jiwe la kusagia. Akasema hapa ndipo akina mama walisagia wimbi. Akawaeleza wageni kwa Kiingereza wimbi ni nini, akaniangalia na mimi pia, na mimi nikatikisa kichwa kama mtu anayejifunza. Sijui kwa nini nilifanya hivyo. Nadhani ukishalipa kuwa mgeni, unataka ugeni wako wote.

Mchana tulikula samaki kwa kuon, yaani ugali, nyuma ya nyumba ya mama mmoja, kwenye njia ya kurudi. Hakuwa mzee sana, labda miaka sitini, leso mbili kiunoni. Kijana alimwita Dani, yaani bibi, naye akatupokea kwa mkono mmoja mmoja, “Welo, welo,” wageni, wageni. Vinywaji vya kwanza vilikuwa vya adabu: maziwa lala kwenye kibuyu kilichofukizwa moshi, na uji wa wimbi uliochachuka uliotiwa ukwaju. Mholanzi aliomba uji mara tatu.

Kisha kijana akatuita nyuma ya jiko tuone kong'o, au busaa, pombe ya asili ya nafaka, inavyotengenezwa. Akaanza kueleza. Unga wa mahindi unakandwa na maji na kuachwa siku kadhaa hadi uchachuke. Unakaangwa. Unaanikwa. Kisha unachanganywa na maji na kimea cha wimbi, yaani wimbi uliooteshwa, ukakaushwa na kusagwa, na kuachwa tena uchemke wenyewe bila moto. Alikuwa akieleza vizuri, lakini mimi sikuwa namsikia. Pale chini, juu ya gunia lililokatwa, ule unga uliokaangwa ulikuwa umetandazwa upoe: makombo ya rangi ya kahawia, mengine madogo kama njugu, mengine makubwa kama kidole gumba, yameungua pembeni. Harufu ile ya uchachu na moshi ilinipandia puani hata sijajua ninachofanya. Niliinama, nikachagua moja lililoungua upande mmoja, nikatia mdomoni.

Kwetu Kakamega, kukhu wangu, yaani bibi yangu, alikuwa akipika busaa. Nasema kupika kwa sababu sisi watoto tulichoona ni moto: nusu ya pipa la chuma juu ya mafiga, kuni mbichi zinazotoa machozi, na kukhu akigeuza unga kwa koleo la kuchimbia lililooshwa, kwa sababu hakuna mwiko wa urefu ule. Kazi yetu ilikuwa kufukuza kuku waliokuja kudonoa. Malipo yetu ni yale makombo. Tulijaza mifuko ya kaptula, tukaenda nayo shuleni, na mwalimu alijua nyumba inayopika kwa kunusa darasa tu. Nilipoingia kidato cha kwanza mwaka 1994, karo ya muhula wa kwanza ilitoka kwenye pipa hilo, noti za shilingi kumi na ishirini zilizokunjwa hadi zikalainika kama kitambaa.

Na askari wa chifu walikuwa wakija. Hawakuja kila wiki, walikuja ukiwa umeshasahau. Siku moja niliyoikuta mimi, walimwaga vyungu vinne uani. Kuku wakanywa. Walimchukua kukhu akiwa na leso yake ya jikoni, hata hawakumruhusu avae ya kutokea, na jioni mama yangu akazunguka kijijini kukopa faini. Mvua ilinyesha usiku huo, na asubuhi ua wote ulikuwa na harufu ya busaa. Kukhu alirudi, akatafuta kiti, akakaa, akauliza kama kuna mtu aliyekumbuka kuingiza kimea ndani kabla ya mvua.

“Wewe!” Dani akaniita. Nikashtuka, mdomo umejaa. “Nani amekuambia hiyo inaliwa?”

Kijana alikatisha maelezo yake. Wote walikuwa wakinitazama. Nikasema kwamba bibi yangu alikuwa akitengeneza.

“Bibi yako wa wapi?”

“Kakamega.”

“Aa, Waluhya.” Akacheka, akachota konzi nyingine ya makombo, akanitia mkononi. “Nyathina, mtoto wangu, na ulivyotikisa kichwa hapo kama Mzungu!”

Chungu kililetwa chini ya mti, kikaongezwa maji ya moto. Mrija mrefu wa kunywea Waluo wanauita oseke, kwetu ni oluseke, na ncha yake ya chunguni ina kichujio kidogo kilichosukwa ili usivute makapi. Dani alitufundisha adabu: usipulize ndani, usimvute mwenzako mrija. Mholanzi akapuliza mara ya kwanza tu, mapovu yakapanda, na akaomba msamaha hata kwa chungu. Busaa yenyewe ilikuwa nzito na ya vuguvugu, na uchachu uliokaza taya. Ya kukhu ilikuwa na moshi zaidi. Au labda moshi ule ulikuwa wa jiko letu.

Nilipotaka kumwachia Dani kitu pembeni ya malipo yake, alikataa, akaniambia kijana ameshamlipa, na kwamba wageni wa mwezi ule walikuwa wamemnunulia mabati ishirini. Alinionyesha. Yalikuwa bado yanang'aa. Makombo yangu aliyafunga kwenye karatasi iliyochanwa kwenye daftari la hesabu.

Kuhusu safari ya kurudi Ndhiwa, nitasema tu kwamba mtu aliyekunywa kwa oseke saa nane hapaswi kupewa mteremko saa tisa. Breki za vyuma zililia, nikatua kwenye majani, sikuumia. Black Mamba haikuniangusha, kama nilivyoahidiwa. Nilijiangusha mwenyewe.

Kwenye matatu ya kurudi Kisumu, makombo yalikuwa yameloa jasho mfukoni, na dada aliyekaa karibu nami alifungua dirisha bila kusema neno. Niliyala hivyo hivyo. Usiku nikampigia mama simu, nikamweleza kuhusu kuta na mlango ulionigonga, kisha nikamweleza kuhusu busaa, jinsi watu wanavyotoka Nairobi na Ulaya kuja kuona inavyokaangwa, na wanalipa.

Akanyamaza. Nilidhani simu imekatika.

“Na askari je?” akauliza.

Nikamwambia hakuna askari aliyekuja. Dani amejenga nyumba ya mabati.

“Umesema wanalipa shilingi ngapi kila mtu?”