Siku moja maishani mwangu: kiti chenye moyo wa mwenzako

Saa 11 alfajiri. Kabla sijapiga mswaki nabana kidole kwenye sensa ya mapigo, kifaa kidogo cha kuhisi moyo unavyodunda. Ina taa ndogo ya kijani. Damu hunyonya mwanga huo, hivyo kila moyo unaposukuma, mwanga unaorudi hupungua kidogo. Natengeneza sanaa ya kukaliwa, si ya kutundikwa ukutani. Kwa sasa ni kiti chenye vimota 16 kwenye egemeo, kinachompa anayekikalia mapigo ya moyo wa mtu mwingine.

Saa 3 asubuhi. Mwendokasi kutoka Kimara hadi Gerezani, nimesimama njia nzima. Kariakoo kuna mafundi wanaonitunzia vimota vya kutetemesha simu, wanavitoa kwenye simu zilizokufa. Nachukua sita. Jana kwa haraka zangu niliviunga moja kwa moja kwenye pini za bodi, yaani kompyuta ndogo inayoviendesha, bila transista, swichi ndogo ya kubeba umeme mwingi. Kimota kimoja kinakula miliampia 80 hivi; pini haihimili zaidi ya 40. Bodi ikaungua, na wakati wa kuvibandua nikakata waya zake, nyembamba kama unywele.

Saa 6 mchana. Mdogo wangu amevua shati, namgusa mgongoni kwa vijiti viwili vya meno. Ncha ya kidole hutambua nukta mbili zilizoachana milimita 2 au 3 tu; mgongo hutaka kama sentimita 4. "Ngapi?" "Moja, dada." Naviachanisha. "Bado moja." Naviachanisha tena. "Ah, sasa mbili." Basi vimota vitakaa sentimita 6 kila kimoja na mwenzake. Halafu mdundo wenyewe: pigo la moyo ni mawili, la kwanza zito, na karibu theluthi ya sekunde baadaye jepesi. Nikiweka moja tu, mtu anahisi simu inaita.

Saa 9. Wali maharage, upesi upesi. Mwaka 1969 mtafiti wa ubongo Paul Bach-y-Rita na wenzake huko Marekani walichukua kiti cha daktari wa meno, wakaweka ncha 400 za kutetema mgongoni na kuziunganisha na kamera, ili picha igeuke mitetemo. Wasioona wakajifunza kutambua vitu kama simu na kikombe. Lakini kamera ilipoendeshwa na mwingine, walihisi mgongo unaguswa tu. Walipoiendesha wenyewe, kitu kikawa mbele yao. Hilo ndilo linaloninyima usingizi.

Saa 11 jioni. Babu jirani amefika na mjukuu wake. Alikuwa fundi cherehani, macho yalimzimika miaka mingi iliyopita. "Shikamoo babu." "Marahaba mwanangu." Anakaa. Namfunga mtoto sensa kidoleni.

"Nasikia kiti kinatetemeka," anasema. Nasikia! Kwetu neno hilo ni la sikio, la pua na la ngozi pia, na nalipenda kwa hilo.

Naifungua sensa, naiweka mkononi mwake. Anapapasa, anakipata kidole cha mtoto, anakibana mwenyewe. Kimya. Uso wake unageuka taratibu kumwelekea mtoto.

"Wewe umetoka kukimbia."

"Nilikuwa nacheza rede, babu."

Naunyoosha mkono nipokee sensa. Hanipi.

"Nenda kamwite bibi yako," anamwambia mtoto. "Mwambie aje sasa hivi."