Septemba Mtoni Brooks

Ndege iliyotutoa mji mdogo wa King Salmon ilitua juu ya maji ya Ziwa Naknek, na kabla sijanyoosha miguu, askari wa hifadhi akaniuliza nina chakula gani. Nilikuwa na karanga mfukoni. Zikaenda kufungiwa. Huku Mto Brooks, ndani ya hifadhi ya Katmai, Alaska, hutembei ukitafuna. Kisha wageni wote tukakalishwa kufundwa adabu za kukutana na dubu: usikimbie, piga soga njiani wasije wakashtuka, kaa mbali nao angalau mita 45. Nilicheka kimoyomoyo, hadi tulipozuiwa karibu nusu saa kwa sababu jike na wanawe wawili walikuwa wamejilaza kando ya njia. Hakuna aliyethubutu kuwaamsha.

Nilitarajia kuona dubu wakidaka samaki hewani pale maporomokoni, kama kwenye picha. Kumbe hayo ni ya Julai. Septemba samaki hao, samoni, wameshataga, wamechoka, wanajifia, na dubu wanawaokota tu. Kutoka jukwaa la kutazamia dubu nilimwona dume mmoja, tumbo nusura liburute chini. Alizamisha uso, masikio tu yakabaki nje, akaibuka na samaki aliyepauka, aliyeanza kuoza. Akamkanyaga, akamla wote hadi mkia. Askari akasema Julai, samaki wakiwa tele, huyu huyu hubagua: hula ngozi, ubongo na mayai, penye mafuta, nyama akawaachia shakwe.

Ulafi huo una hesabu yake. Wakishaingia shimoni kulala msimu wa baridi, hukaa miezi kadhaa bila kula, kunywa, wala kwenda haja, na wakitoka huweza kuwa wamepoteza theluthi ya uzito. Jike mwenye mimba huzaa humo humo katikati ya baridi, akanyonyesha kwa mafuta hayo hayo.

Tangu 2014 watu hupiga kura kila mwaka kumchagua dubu wa hapa aliyenenepa kuliko wote. Otis, dume mzee wa meno yaliyosagika, alishinda mara nne. Wazungu niliokuwa nao jukwaani waliona ni kichekesho, mimi niliyekulia ambako "umenenepa!" ni salamu ya furaha, niliona sawa kabisa.

Jioni yule dume alipanda ufukweni, akachimba mchanga, akapima, akachimba tena, mpaka tumbo likaenea shimoni. Ndipo akalala kifudifudi.

Karanga zangu nilirudishiwa. Nilizimaliza kabla ndege haijapaa.