Yokai si jini: kuwasimulia viumbe wa Japani kwa Kiswahili

Ingia kwenye kibanda cha video hapa Kampala wakati mfasiri anatafsiri katuni ya Kijapani, utasikia neno moja likibebeshwa mizigo yote. Kiumbe mwenye gamba la kobe anatoka mtoni: shetani. Mwanamke aliyevaa nyeupe, nywele zimemfunika uso: shetani. Mwavuli mkuukuu wenye jicho moja, unarukaruka kwa mguu mmoja: shetani tena. Anayesimulia kwa Kiswahili anasema "jini" na mambo yanaishia hapo. Basi msikilizaji anangoja damu, au anangoja mganga atokee na hirizi, kumbe yule wa mtoni anainama kusalimia, maji yanamwagika kutoka kichwani, nguvu zinamwishia, na waliokaa kwenye mabenchi wanaulizana kimetokea nini.

Yokai ni jina la kundi kubwa mno: wanyama wenye hila, vyombo vya nyumbani vilivyopata uhai, mazimwi ya milimani, hata sauti zisizo na mwili. Kinachowaunganisha ni kwamba kila mmoja ana masharti yake. Ana mahali pake, saa yake, anachokipenda na kinachomshinda. Hadithi nzima imejengwa juu ya masharti hayo, nawe ukimwita jini umeyafuta yote kwa neno moja, kwa sababu msikilizaji wa Kiswahili tayari anamjua jini: ana kabila, ana dini, hupanda kichwani, hutaka ubani. Yokai walio wengi hawana habari na lolote katika hayo.

Sisi wa Uganda tuna njia rahisi kuliko tunavyodhani, kwa kuwa Luganda imeshatenganisha mambo haya. Muzimu ni roho ya mtu aliyekufa. Musambwa ni roho inayokaa mahali: mtoni, kwenye mwamba, kwenye mti, na mara nyingi huonekana kwa umbo la mnyama kama chatu. Lubaale ni miungu wakubwa, kama Mukasa wa ziwa na Kiwanuka wa radi. Mjapani naye anatenganisha. Yurei ni mzimu wa marehemu, na hapo neno letu la Kiswahili linamtosha kabisa. Kami ni wale wanaojengewa mahekalu na kuombwa. Yokai yuko katikati, na wengi wao, hasa wa majini na milimani, wanamkaribia musambwa kuliko kiumbe mwingine yeyote tunayemjua. Yanagita Kunio, baba wa elimu ya mapokeo ya Japani, aliona kwamba yokai ni miungu ya zamani iliyoacha kuabudiwa ikashuka cheo. Mtu anayejua kwamba Sezibwa husimuliwa kuwa mto uliozaliwa na mwanamke aitwaye Nakangu, pamoja na pacha wake Bwanda, hatapata taabu kuelewa kwa nini mto wa Japani una mwenyewe.

Nianze na kapa, yule wa mtoni mwenye gamba, maana ndiye anayeharibiwa zaidi. Kimo chake ni cha mtoto wa miaka kama kumi au pungufu. Ana gamba mgongoni, mdomo kama wa ndege au kobe, vidole vilivyounganishwa kwa ngozi kama vya bata, na mwili wenye utelezi na harufu ya samaki. Mikono yake miwili imeunganika ndani ya mwili kama fimbo moja: ukivuta wa kulia, wa kushoto unafupika. Utosini ana kisahani chenye maji. Wanaosimulia huita kisahani hicho "upara", na hapo hadithi imekufa, kwani upara hauna kitu cha kumwagika. Sema kisahani cha maji utosini. Nguvu zake zote zimo humo, na yeye ni mwenye adabu kupita kiasi. Ukimwinamia lazima naye ainame, maji yanamwagika, anashindwa hata kurudi mtoni. Ukimjazia tena maji, anakuwa na deni kwako na hulilipa. Familia kadhaa za Japani zilisimulia kwamba ujuzi wao wa kuunga mifupa walifundishwa na kapa aliyekatwa mkono akaja kuuomba.

Ubaya anao pia. Huvuta farasi na watoto majini, na husemwa kuwa hutoa kito kiitwacho shirikodama kupitia njia ya haja kubwa. Kito hicho hakipo katika mwili wa mtu. Maelezo yanayotolewa mara nyingi ni kwamba maiti ya mtu aliyezama hulegea misuli ya sehemu hiyo, na walioopoa maiti wakaona kama kuna kitu kimeng'olewa. Ukisimulia mbele ya watoto unaweza kuiacha sehemu hii, lakini usiibadilishe kuwa "hunywa damu", maana hapo umeleta kiumbe mwingine.

Chakula chake ni tango. Kuna sehemu ambako wazazi waliandika jina na umri wa mtoto kwenye tango, wakalitupa mtoni kabla mtoto hajaogelea. Kwingine sharti liligeuka: ukila tango kisha ukaingia majini, umemwita mwenyewe. Yote mawili ni sahihi, kila moja kwao. Anayechanganya sharti la kijiji hiki na la kijiji kile ndani ya hadithi moja ndiye anayekosea.

Neno lake la Kiswahili lipo, nalo ni zuri: chunusi, yule wa pwani anayewavuta waogeleaji chini. Mimi ningemtambulisha hivi: "kapa, chunusi wa mito ya Japani", mara moja tu, kisha niendelee kumwita kapa. Chunusi wetu hana kisahani wala hajui kuinama, kwa hiyo jina lake lisitumike hadi mwisho.

Wanaotaka kuona jinsi Wajapani wanavyoyachukua masharti haya kwa makini waangalie Tono, mkoani Iwate. Ndiko zilikotoka hadithi 119 ambazo Yanagita alizichapisha mwaka 1910 katika nakala 350, na humo imeandikwa kwamba kapa wa Tono ana uso mwekundu, si wa kijani kama wa kwingine. Nyuma ya hekalu la Jokenji kuna kijito kilicho na sehemu iitwayo Kappabuchi, kingoni pameegemezwa fimbo zenye tango kwenye kamba. Chama cha utalii cha huko huuza kibali cha kumkamata kapa. Kibali kina masharti: akamatwe hai bila jeraha, maji ya kisahani yasimwagike, mahali pawe Kappabuchi, awe na uso mwekundu na mdomo mkubwa, chombo cha chuma kisitumike, chambo kiwe mboga mbichi za pale pale, na ukimpata uende kuomba ruhusa kwa chama. Ndiyo, ni biashara ya utalii. Lakini soma tena: kisahani cha maji na uso mwekundu vimetoka ndani ya mapokeo yenyewe, havikubuniwa ovyo.

Yurei anataka uangalifu wa namna nyingine, nao ni wa saa. Yokai wa mahali hutoka wakati wa magharibi, mwanga unapopungua na sura ya mtu haitambuliki. Neno la zamani la Kijapani la wakati huo, tasogare, lina maana ya "nani yule?". Magharibi yetu hapa karibu na ikweta ni fupi, jua likizama kama saa moja giza limeshaingia, kwa hiyo msimulizi asiseme "jioni" tu, maana msikilizaji atafikiria saa kumi. Aseme giza la kuingia. Yurei yeye hutoka saa nane hadi saa nane na nusu usiku, robo ya tatu ya saa ya ng'ombe, ambayo kwa hesabu ya zamani ilianza saa saba hadi saa tisa usiku. Tena yokai humtokea yeyote anayepita mahali pake, ila yurei humfuata mtu fulani popote aendako, kwa sababu ana kisa naye. Mipaka hiyo ilichorwa na Yanagita, na kuna hadithi zinazoivuka, lakini inasaidia sana. Mavazi ya yurei ni sanda nyeupe na kitambaa cha pembetatu kwenye paji la uso. Hana miguu, desturi ya wachoraji inayohusishwa sana na Maruyama Okyo wa karne ya 18.

Oni ni zimwi, na hapo Kiswahili kinakaa sawasawa. Mbona ana pembe za ng'ombe na nguo ya ngozi ya chui milia? Upande wa kaskazini-mashariki ndio mlango wa mabaya, na katika dira ya zamani, yenye majina ya wanyama, upande huo uliitwa ng'ombe-chui milia. Hufukuzwa siku ya Setsubun, kwa kawaida tarehe 3 Februari, kwa soya zilizokaangwa. Zinatupwa nje huku watu wakisema oni atoke nje, heri iingie ndani, kisha kila mtu anakula punje sawa na umri wake. Lazima zikaangwe. Punje mbichi iliyosahaulika pembeni ikichipua, mabaya yaliyofukuzwa yamerudi kuota mizizi. Anayetaka kulionyesha jambo hili shuleni atapata soya soko lolote hapa. Azikaange bila mafuta, moto mdogo, akikoroga muda wote hadi maganda yapasuke, maana moto mkali unaunguza nje na ndani kunabaki na ladha ya ubichi. Watoto wa miaka 5 kushuka chini wasipewe kula, punje hukwama kooni, na Japani kwenyewe onyo hilo hutolewa kila mwaka.

Vile vyombo vyenye uhai, tsukumogami, nitavipitia haraka. Chombo kikitimiza miaka 100 hupata roho, ndiyo maana watu walivitupa kabla havijafika, na vikaudhika. Jina lenyewe linacheza na neno la 99. Sindano zilizovunjika hadi leo hupelekwa hekaluni tarehe 8 Februari na kuchomekwa kwenye tofu laini, chakula cha soya, zipumzike.

Sasa mkesha wa hadithi 100, desturi ya Kijapani ya kusimuliana hadithi za kutisha usiku huku taa zikizimwa moja moja, ambao vijana wengi wanaupenda na wanaufanya vibaya. Mtandaoni watu huandika "mishumaa 100". Maelezo ya mwandishi Asai Ryoi ya mwaka 1666 yanasema taa ya karatasi ya buluu yenye tambi 100 ndani ya mafuta, usiku usio na mwezi. Kila hadithi ikiisha, utambi mmoja unaondolewa. Katika mpangilio unaosimuliwa sana, vyumba ni vitatu: wasimulizi wamekaa gizani chumba cha kwanza, cha pili ni kitupu, taa iko cha tatu pamoja na kioo. Aliyemaliza kusimulia anapapasa hadi kule, anazima utambi, anajitazama kiooni, anarudi. Panga zinawekwa mbali, kwa sababu mtu aliyeshtuka gizani anaweza kumkata mwenzake. Kwa leo weka mbali simu, mwanga wake mmoja tu unaharibu macho ya wote.

Piga hesabu kabla. Hadithi ya dakika 3, pamoja na kwenda na kurudi, mara 100 ni saa 5. Mkianza saa tatu usiku mnamaliza saa nane kamili, ambayo ndiyo saa ya yurei. Mtu mmoja akijivuta dakika 15, mpango wote umeanguka. Hadithi za kweli za mkesha huu ni fupi: mahali, kilichoonekana, basi.

Kwa kikundi kidogo tambi 10 zinatosha. Chukua sahani pana ya udongo, mimina mafuta ya alizeti, laza tambi za pamba zilizosokotwa unene wa njiti ya kiberiti, ncha zitokeze kidogo tu ukingoni. Zikitokeza sana zinatoa moshi. Usitumie mafuta ya taa kama kwenye tadoba: yanashika moto upesi yakimwagika, na harufu itawafukuza watu kabla ya yokai. Karatasi ya buluu ikae angalau shibiri moja kutoka kwenye miali, na ndoo ya mchanga iwe karibu. Utambi usipulizwe, ukipuliza unazima na majirani zake na kurusha mafuta. Uvute kwa kijiti hadi uzame.

Mchoraji Toriyama Sekien, aliyeanza kuchapisha vitabu vyake vya picha za yokai mwaka 1776, alimchora anayekuja taa ikizimika: Aoandon, mwanamke wa vazi jeupe, nywele ndefu nyeusi, pembe mbili kichwani, yuko kando ya taa ya buluu. Kwa hiyo Wajapani wenyewe walikuwa wakiishia hadithi ya 99. Utambi wa mwisho huachwa uwake, watu wanakaa pamoja bila kusimulia lolote hadi kupambazuke.