Kurekodi filamu Dunga bila kumhoji mtu

Filamu yangu kuhusu akina mama wanaokausha na kuuza omena, dagaa wa Ziwa Victoria, kwenye ufuo wa Dunga hapa Kisumu, haina mahojiano wala msimulizi. Niliamua hivyo mapema. Mtu akiulizwa swali mbele ya kamera hujikaza, hurekebisha kitambaa kichwani, halafu anakupa jibu analodhani umelijia. Mimi nilitaka kazi yenyewe.

Nilianza kwa viongozi wa BMU, kamati inayosimamia ufuo, nikawaeleza ninachotafuta. Kisha nikawa nafika bila kamera. Nilibeba ndoo, nikasaidia kutandaza omena juu ya nyavu kuukuu, nikajua nani humkopesha nani. Omena huvuliwa usiku kwa taa zinazowavuta juu, kwa hiyo mwezi ukiwa mkubwa maboti hurudi na kidogo. Ratiba yangu ikafuata mwezi. Siku nilipotoa kamera, mama mmoja alisema tu, "Kaa hapo mwanangu, lakini usizibie omena zangu jua."

Kilichonifaa kuliko vyote ni sauti. Frederick Wiseman, Mmarekani aliyeongoza filamu yake ya kwanza ya aina hii mwaka 1967, alikuwa akinasa sauti mwenyewe na kumwachia mwenzake kamera. Nami nikashika maikrofoni. Anayesikiliza hujua mapema mambo yanakoelekea: wakianza kuvutana kuhusu bei nasogea, na mpiga picha ananifuata. Tulifanya kazi asubuhi zaidi, kwa sababu mchana upepo wa ziwa huharibu kila neno.

Hivyo ndivyo tulivyopata kipande ninachokipenda mno. Mama anapima kwa gorogoro, lile kopo la kupimia sokoni. Anajaza omena hadi zinafanya kilima, kiganja cha kushoto kimekumbatia ukingo zisimwagike. "Ongeza, mama," mnunuzi anasema. Anaongeza konzi moja. Mnunuzi habanduki. Mama anatupa jicho ziwani, wingu limeshakuwa jeusi, kisha anaziangalia zile ambazo bado ni mbichi kwenye nyavu. Anaongeza tena, kimya. Kila mtu pale anaelewa: omena zikinyeshewa zitauzwa kwa bei ya chakula cha kuku. Hatukukata hadi mnunuzi alipofunga mfuko wake, na kwenye kuhariri nimekiacha kizima, ingawa rafiki zangu wa runinga wanakiona kirefu. Ule muda wa kusitasita ndio biashara yenyewe.

Wanaoonekana kwa karibu niliwaonyesha filamu kwenye kompyuta kabla sijaifunga. Walicheka sana, wakasahihisha majina ya maboti. Mmoja akanivuta kando, akaomba mazungumzo ya deni lake yatoke, maana wakwe zake wangeyasikia. Ilikuwa sehemu yenye nguvu kweli. Lakini deni ni lake na wakwe ni wake, na kukubali kurekodiwa ufuoni si kukubali kila kitu. Niliitoa, nikamwonyesha upya kutoka mwanzo ahakikishe, ndipo nikaifunga.