Ninavyopitisha vitunguu Namanga bila kishoka

Vitunguu vya Mang'ola, Tanzania, vinavyokwenda Kenya kupitia mpaka wa Namanga, kama thamani ya mzigo haizidi dola 2,000 za Marekani, havihitaji wakala wa forodha. Kinachotakiwa ni cheti rahisi cha uasili wa bidhaa cha Jumuiya ya Afrika Mashariki, na hicho hutolewa bure na forodha pale pale mpakani. Anayekudai hela ya "fomu" ni kishoka tu, yaani dalali asiye rasmi.

Wengi hukwama kwa sababu wanaanzia kwenye cheti hicho. Mimi naanza na afya ya mimea. Mnunuzi wa Kenya anaomba kwanza kibali cha kuingiza kutoka KEPHIS, mamlaka ya afya ya mimea ya Kenya, ananitumia, ndipo naomba cheti cha usafi wa mimea kutoka TPHPA, mamlaka ya afya ya mimea ya Tanzania. Ukigeuza mpangilio huo, unalala mpakani. Cheti cha uasili hakifuti masharti ya afya.

Kilo zilizo kwenye ankara na kwenye cheti cha usafi wa mimea lazima zilingane. Kwa hiyo napima kila gunia la neti kabla ya kupakia, wala sikadirii kwa macho. Lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita kiasi, sifungi: inachelewesha ukaguzi na vitunguu vya chini vinapondeka. Tukichangia Fuso watu watatu, kila mmoja ana ankara yake na cheti chake, na magunia yake yana alama ya rangi. Mzigo wote ukiandikwa jina moja, thamani inavuka dola 2,000, na hapo wakala hakwepeki.

Kitunguu nakijaribu kwa kidole gumba shingoni. Kikibonyea, bado kina maji. Kikikaa saa chache chini ya turubai kinatoa jasho, kesho yake kinanuka. Nyuma ya gari naacha turubai wazi hewa ipite.

Namanga ni kituo cha pamoja, hivyo ukitoka Tanzania unamalizana na maofisa wa nchi zote mbili upande wa Kenya. Beba pasi au hati ya dharura ya kusafiria, pamoja na kadi ya njano ya chanjo.

Malipo nikipokea kwa shilingi ya Kenya, namuuliza mbadilishaji bei anayonunulia. Tuseme ananunua kwa 18 na kuuza kwa 19: laki moja ya Kenya ni 1,800,000 za kwetu. Nazihesabu za kwake kwanza, zangu zikiwa bado mfukoni.